Euro Truck 2: nimempa mshkaji modi zote na sevu yangu, kwake basi halionekani

Kitonga_Driver

Wakuu habari za mida hii. Nina ishu na Euro Truck Simulator 2 (ETS2), ile gemu ya kuendesha malori, mwenye uelewa naomba anisaidie. Mimi niko Mwanza, mshkaji wangu yuko Dodoma, wote tuna gemu halali ya Steam (duka la gemu mtandaoni) tulivizia kipindi cha ofa. Mimi nimeshajijenga, kampuni imekaa vizuri, gereji zipo, na modi (nyongeza za gemu wanazotengeneza wachezaji) za mabasi nimezikusanya muda mrefu, zile Yutong na Zhongtong na Marcopolo moja nyeusi kali sana yenye honi kama za mabasi yetu ya mkoani. Sasa jamaa alikuja huku likizo nikamjazia kila kitu kwenye flashi, folda nzima ya mod pamoja na profaili yangu, na ambazo hazikuenea nikamrushia Telegram baadae, pamoja na baadhi ya zile zile za kwenye flashi.

Kafika kwake kaweka kila kitu panapotakiwa. Profaili inaonekana, hela ipo, jina la kampuni lipo, ila akitaka kufungua sevu (gemu niliyohifadhi) anaambiwa kuna modi hazipo, akilazimisha anaingia lakini basi hakuna, Marcopolo imeyeyuka. Na faili zipo!! kanipigia video nimeziona kwa macho yangu. Halafu kuna modi nyingine kwake zimekaa nyekundu. Yeye ana toleo la 1.53, mimi nimegoma kuapdeti niko 1.50 maana nikipanda mabasi yangu nusu yanakufa. Tunachotaka ni kupiga konvoi (kucheza pamoja mtandaoni) wawili sisi na mabasi yale yale. Nisaidieni.

mzee_wa_gia

Mkuu Kitonga, mwambie jamaa akusomee majina ya hizo faili herufi kwa herufi, nakuwekea dau kuna yenye mabano mwishoni. Profaili ya ETS2 inaikumbuka modi kwa jina la faili. Tuseme kwako basi linaitwa marcopolo_g7.scs (.scs ndo aina ya faili la modi), ukampa kwenye flashi, kisha ukamrushia tena Telegram, kompyuta yake ikakuta jina hilo lipo ikaongezea (2) kwa huruma yake, jamaa kaona zimejirudia kafuta moja. Akifuta ile yenye jina safi basi kwisha habari, aliyobaki nayo inaitwa marcopolo_g7 (2).scs na kwa gemu hiyo ni modi nyingine kabisa, haiijui. Ndo maana wewe unaiona kwenye folda na gemu inasema haipo, wote mko sahihi.

Kuhakikisha, nenda Documents, Euro Truck Simulator 2, fungua game.log.txt kwa Notepad baada ya kuingia kwenye profaili. Tafuta mistari iliyoandikwa "Active local mod", imekuorodheshea kila modi iliyowaka, jina lake na toleo lake. Na yeye afanye hivyo hivyo kisha mlinganishe. Hapo utamaliza ubishi wote, mambo ya kupigiana video mkakodolea folda hayasaidii.

Sasa hizo nyekundu. Mtengenezaji ndani ya modi anaweka faili la manifest (maelezo ya modi) anasema hii ni ya 1.50, mwenye 1.53 akiiweka inamwakia nyekundu. Kuna watu mtandaoni watakuambia fungua manifest badilisha namba, ni kweli rangi itaondoka ila ugonjwa unabaki pale pale, utakuta basi halina dashibodi au gemu inajifunga ukigusa tu gereji. Rahisi ni yeye ashuke aje kwako. Steam, abonyeze kulia kwenye gemu, Properties, Betas, achague temporary_1_50. Itashusha faili kadhaa kwahiyo awe na bando la kueleweka. ILA kabla hajashuka akopi profaili zake mwenyewe aziweke pembeni, maana sevu iliyoshahifadhiwa na 1.53 hairudi nyuma. Na ile profaili yako kama ameshaifungua huko juu akasevu basi hiyo nayo imeshapanda, aifute achukue tena ile ya kwenye flashi.

Halafu hapa ndo watu wengi hawaelewi: kwenye konvoi sevu HAMSHIRIKIANI. Kila mtu anaingia na profaili yake na hela zake na gari lake, kinachotakiwa kufanana ni toleo la gemu na modi. Kwahiyo ulimpa profaili ya nini? Kama alitaka utajiri wa bure hiyo ni ishu yenu wenyewe 😂

Nasra_znz

😂😂 utajiri wa bure jamani

Mie nauliza, hizo "ambazo hazikuenea", zilikosa nafasi au flashi ilizikataa? Maana flashi nyingi zinakuja na FAT32, na hiyo haipokei faili moja linalozidi GB 4, hata kama flashi ni ya 64 na iko tupu. Unaambiwa faili kubwa mno basi. Modi za ramani ndo zinakwama hapo. Ifomati iwe exFAT tabu imekwisha, ila ukifomati vilivyomo vyote vinaondoka, utoe kwanza.

Na hilo la sevu kutoshirikiana ni kwa gemu yenu ya malori. Sie tunacheza Stardew Valley na mdogo wangu na binamu yetu aliye Muscat, huko ni kinyume kabisa, shamba linakaa kwenye kompyuta ya mwenye kufungua tu. Mwenyewe akilala hakuna anayelima. Ikabidi tupeane folda, ipo %appdata% StardewValley Saves, unachukua folda zima lenye jina la shamba na namba, ndani yake lina faili la jina lile lile na jingine linaitwa SaveGameInfo, ukipeleka moja ukaacha jingine unapata matatizo. Lakini mjue ukilifungua kwako unaingia kwa mwili wa mwenye shamba, si mwili wako. Binamu siku ya kwanza kajikuta yeye ndo mie, kauza jibini zangu zote.

mathree_254

Niaje wasee. Hiyo story ya jibini imenimaliza.

Kitonga hebu angalia pia kama jamaa ameacha kitu ndani ya .rar. Modi zingine zinakuja zimefungwa rar na ndani ndio kuna .scs, gemu haifungui rar, lazima utoe. Na Windows inapenda kuficha mwisho wa jina la faili kwa hivyo unaona tu "yutong" na hujui ni yutong ya scs ama ni yutong ya rar. Washa View, File name extensions.

Na please hiyo flash kama imepita cyber yoyote iscan kwanza. Kuna ile virusi ya kugeuza folda zote zinakuwa shortcut, unaclick mod yako kumbe umeiruhusu virusi iingie kwa laptop. Sheria yangu ni moja tu, mod ya ETS2 haina haja ya kuja na .exe, nikiona setup.exe ndani ya basi nafuta bila kuuliza maswali.

Alafu hiyo Marcopolo nyeusi tuwekee hapa basi, usiwe mchoyo.

Fundi_Skini

Hapo mwisho ndo naposhikwa na hasira kidogo samahani.

Mimi natengeneza skini (rangi na michoro ya gari) na mabasi mawili matatu ninayabadilisha mwenyewe kwenye Blender. Kumpa rafiki yako mmoja mnayecheza nae sina neno, nani atakuzuia. Lakini "tuwekee hapa" ndo mwanzo wa balaa. Skini yangu niliitoa bure, nikaja kuikuta kwenye grupu moja la WhatsApp inauzwa elfu tano, jina langu limefutwa kwenye manifest wameandika la kwao, na walivyo wavivu wakasahau kufuta namba yangu niliyoichora kwenye kibao cha basi. Mteja anapata shida basi halifunguki, ananitafuta MIMI. Kazi ya usiku mzima kukaza rangi ifuate mkunjo wa bodi halafu mtu kabadilisha jina la faili tu anakula hela.

Na kwenye ramani ndo usiguse kabisa. ProMods kwa mfano wamekataza wazi watu kuipakia upya sehemu nyingine, na inataka uwe na DLC (nyongeza rasmi za kulipia) za ramani, hata ukimpa mtu faili zote kama hana hizo DLC unampotezea bando lake.

mathree_254

Sawa boss nakuelewa, kuuza kitu ya mtu ni wizi hakuna debate. Lakini na nyinyi pia muangalie upande huu. Link zenu mnaweka kwa site ya bure, baada ya miezi kidogo link imekufa, ukimuandikia mwenyewe amehama gemu ameoa hana time. Mabasi ya zamani ya 1.3x unayapata wapi kama sio kwa mtu aliyeyaweka kwa hard disk yake? Bila watu wa kupeana hizo mod zingekuwa zimepotea kitambo. Na si kila mtu ana wifi, kuna msee anapewa kwa flash coz GB 14 kwa bundle ni kodi ya nyumba.

Fundi_Skini

Hilo la linki kufa nakubali, hata mimi zangu za mwanzo sina tena, nilizipata kwa shabiki. Weka tu faili kama lilivyo, usiguse jina, usiguse manifest, na mtu akiuliza sema nani katengeneza. Mkifanya hivyo mbona tunakaa vizuri tu.

Kitonga kwa faida yako, skini tunazotoa sasa hivi kwenye manifest tunaandika mp_mod_optional: true, maana yake mwenzako asipokuwa nayo hazuiwi kuingia konvoi. Ila basi lenyewe ni lazima wote mlifungue, halina hiari.

Kitonga_Driver

Wakuu mbarikiwe. Mzee wa gia wewe ni mganga au, ilikuwa (2) kama ulivyosema, na si moja, karibu zote nilizomrushia Telegram. Kabadilisha majina, kashuka 1.50, Marcopolo hiyo hapo imepaki gereji. Nasra ni kweli flashi ilikataa ile ya ramani nikadhani imejaa.

Zimebaki mbili. Moja, jamaa kaona kwenye profiles kuna folda linaitwa 4B69746F6E6761 kaogopa anasema ni virusi anataka kulifuta. Pili, basi lipo ila honi ni ile ya kiwandani, piiip kama ya pikipiki. Modi ya honi kwenye folda yangu ya mod mbona sijawahi kuiona hata mimi, ila kwangu inalia.

mzee_wa_gia

ASIFUTE. Hilo folda ndo wewe. Gemu inaandika jina la profaili kwa tarakimu za heksa, 4B ni K, 69 ni i, 74 ni t, endelea mpaka mwisho utasoma Kitonga. Wala asilibadilishe jina.

Honi uliichukua Workshop (sehemu ya modi ndani ya Steam), ndo maana huioni. Ukibonyeza Subscribe modi haiji kwenye folda ya mod, inakaa ndani ya Steam, steamapps, workshop, content, 227300, kwenye mafolda yenye namba namba tu. Usihangaike kumkopia, fungua Workshop tengeneza Collection, tupia humo modi zako zote za huko, mtumie linki, yeye abonyeze Subscribe to all na zitashuka zenyewe. Kisha aende Mod Manager apange mpangilio sawa na wako, honi ikae juu ya basi, maana ya juu ndo inayoshinda. Akiweka basi juu ya honi atabaki na piiip yake.

Na wewe siku ukimpa mtu profaili tena, kwanza maliza mzigo ulionao, paki gereji ya ramani ya kawaida isiyo ya modi, na uzime Steam Cloud kwenye profaili hiyo, ili ikae profiles badala ya steam_profiles. Mtu asiye na ramani yako akifungua sevu uliyoiacha katikati ya barabara ya modi, gemu haijui imuweke wapi.

Nasra_znz

Konvoi yenyewe wanaingia wangapi? Binamu anataka kuja na yeye, kachoshwa na kulima.

mzee_wa_gia

Ilipotoka 2021 na 1.41 ilikuwa watu 8, kwa nyie mnatosha. Ila aje na gemu yake ya Steam na awe 1.50, na hiyo Collection aanze kuishusha leo leo.

Kitonga_Driver

Honi imelia. Jamaa anapiga honi toka saa mbili usiku mpaka mama yake kaja kumzimia spika. Jumamosi saa tatu usiku nafungua konvoi, Nasra mwambie binamu asiguse jibini la mtu.