Kiwanja chenye kinamasi Massachusetts: dalali anasema tusiogope

Habari za jioni ndugu zangu. Tumepata kiwanja nje ya Worcester, bei iko chini ajabu. Nyuma kuna kinamasi, na kipande chake kilijazwa kifusi zamani. Dalali anasema tangu hukumu ya 2023 hakuna wa kutusumbua. Kuna ukweli hapo?

---

Dada, amekupa nusu ya habari, ile nusu inayouza.

Hukumu hiyo ni ya mke na mume wa Idaho, kesi ya Sackett. Walinunua kiwanja karibu na ziwa la Priest mwaka 2004, wakaanza kukijaza wajenge. Mwaka 2007 EPA, shirika la serikali kuu la kulinda mazingira, ikawaamuru wakirudishe kilivyokuwa, na faini yake ingeweza kupita dola 40,000 kwa siku. Mahakama ya Juu ya Marekani iliwapa ushindi 2023, ikisema sheria ya maji ya serikali kuu inashika tu kinamasi kilichoungana juu ya ardhi na mto, ziwa au bahari. Kesi ya miaka yote hiyo, kwa kiwanja kisichofika ekari moja!

Lakini sheria za majimbo hazikuguswa. Massachusetts ina yake ya ardhi oevu, na msimamizi wa kwanza ni kamati ya uhifadhi ya mji wenyewe. Ukitaka kuchimba ndani ya futi 100 kutoka ukingo wa kinamasi, unaanzia kwao.

Mimi naogopa zaidi hicho kifusi. Aliyenunua anaweza kulazimishwa kukiondoa hata kama alikimwaga mtu mwingine, mradi ashtakiwe ndani ya miaka mitatu tangu hati yake isajiliwe. Usijipe moyo kwamba ni cha zamani. Katika kesi ya mji wa Norton, kifusi kilimwagwa kabla ya katikati ya miaka ya 1980, wenye kiwanja wakanunua 2014. Mwaka 2021 mahakama ya juu ya jimbo ikaamua kwamba kila mmiliki mpya anahesabiwa miaka mitatu yake.

Kabla ya kusaini, nenda kwa kamati uombe kuona faili la kiwanja, kisha masjala ya hati uangalie kama kuna amri ya kamati ambayo haijafungwa, yaani haijathibitishwa kuwa imetimizwa. Na wakili aandike kwenye mkataba kwamba kifusi ni mzigo wa muuzaji.

---

Samahani kuingilia. Wakimzuia kujenga, si watamlipa fidia?

---

Kaka, kwa nadra. Mwaka 1992, katika kesi ya Lucas wa South Carolina aliyelipa dola 975,000 kwa viwanja viwili vya ufukweni, Mahakama ya Juu ilisema fidia ni lazima pale ardhi inapopoteza faida yake yote ya kiuchumi, isipokuwa kama matumizi hayo yalikuwa yamekatazwa tangu awali. Yote, siyo nyingi. Palazzolo wa Rhode Island, naye aliyezuiwa kujenga kwenye kinamasi chake, alikuwa na kipande kikavu kinachojengeka, chenye thamani ya dola 200,000, na 2001 hoja yake ya kupoteza kila kitu ikakataliwa. Dada, kwako kuna sehemu kavu mbele? Basi fidia isahau, bishana na muuzaji kuhusu bei.