Ua la msituni la jamii ya mrehani: litaishi Tanga mjini?

Mwanachumbageni: Habari zenu wakuu. Shangazi yangu ana shamba la iliki kule Amani, wilayani Muheza. Chini ya miti mikubwa limejiotea ua ambalo huku mjini sijaliona. Shina lina pembe nne, majani yanakaa mawili mawili yakitazamana, ukiyafikicha yananukia. Maua ni madogo, ya zambarau, na nyuki hawabanduki. Nalitamani sana nyumbani, ila nahofia joto la huku. Nifanyeje?

Babu Miche: Hiyo ni jamii ya mrehani, nanaa na kivumbasi. Hata mitiki ya shamba la miti la Longuza, huko huko Muheza, ni ndugu zao, ingawa ukiitazama huwezi kudhani. Nahisi ni Plectranthus, kundi mojawapo la jamii hiyo, lakini ziko aina nyingi. Tuwekee picha ya ua kwa karibu.

Kisosora: Ng'oa na mizizi na udongo wake, funga kwenye mfuko, panda. Litashika tu.

Bi Mkubwa wa Bustani: Kisosora mwanangu, hapana. Mimea kadhaa ya milima ile ya Usambara Mashariki, ilipo Amani, haipo kwingine duniani. Huwezi kung'oa kitu usichojua kimebaki kiasi gani. Na kama shamba limepakana na Hifadhi ya Mazingira Asilia Amani, ng'ambo ya mpaka usiguse bila kibali.

Mwanachumbageni, muombe shangazi vipandikizi vichache tu, shina mama libaki. Chagua tawi changa lisilo na maua, kata chini kidogo ya kifundo, yaani pale majani yanapotokea, ondoa majani ya chini. Chomeka kwenye mchanga uliochanganywa na mboji ya majani. Weka kivulini, udongo uwe na unyevu bila kutuamisha maji. Jamii hii hutoa mizizi upesi.

Mwanachumbageni: Shikamoo Bi Mkubwa, nashukuru sana. Maji ya kisima chetu yana chumvi kidogo, yatafaa?

Bi Mkubwa wa Bustani: Marahaba. Hayo usimwagilie, chumvi hujikusanya kwenye chungu na kuunguza majani. Kinga maji ya mvua uyatumie. Ndiyo maana ningekushauri usubiri masika: maji yapo na jua limepoa. Jua la asubuhi linatosha, la mchana litalichoma.

Babu Miche: Naongezea: chungu kiwe cha udongo, kikae chini ya mwembe kama unao. Na usichukue vipandikizi vyote safari moja. Vya kwanza vikishika ndipo ufuate vingine.

Mwanachumbageni: Mwembe upo. Shangazi nimeshampigia, amekubali, picha naiweka nikifika shambani.