Nimeota popo kwenye mahafali yangu, na sasa shangazi anataka karamu ivunjwe

Binti Mtambwe

Assalaam aleikum wenzangu. Naomba mnisaidie, na naomba msome mpaka mwisho kabla ya kujibu, maana hapa kijijini kila mtu kanijibu kabla sijamaliza kusimulia.

Nimemaliza diploma ya uuguzi. Mahafali yalifanyika Unguja, nikarudi Pemba kwa boti wiki iliyopita, na Ijumaa ijayo baba kapanga maulidi na karamu nyumbani. Mbuzi wawili wameshafungwa nyuma ya nyumba, mchele upo ndani, mpishi wa pilau kapewa kianzio.

Usiku wa kuamkia Jumanne nikaota niko ukumbini tena. Nimevaa joho, jina langu linaitwa, vigelegele vinarindima. Nikaangalia juu. Darini, kati ya mabaluni ya mapambo, wamening'inia popo. Si wale wadogo wa kwenye mapaa, ni hawa wetu wakubwa wa Pemba. Mmoja akashuka. Hakuruka, alishuka pole pole kama mtu anayeteremka ngazi, akanishika mkono wa joho kwa ukucha wa bawa lake, akapanda mpaka kifuani. Uso nimeuona vizuri: mdomo mrefu kama wa kijibwa, macho rangi ya chai kavu, manyoya ya shingoni yana wekundu wa kutu. Alikuwa akinuka tunda lililoiva mno. Nikatembea naye hivyo hivyo mpaka mbele nikapokea cheti, nacho cheti kimerowa. Watu wanashangilia tu. Hakuna aliyemuona isipokuwa mimi.

Ninachotaka mjue ni kwamba ndani ya ndoto sikuogopa. Hofu ilinijia nilipozinduka, nikakaa kitandani nikisikiliza adhana ya alfajiri huku nimejishika kifua.

Asubuhi nikamsimulia shangazi tukiosha vyombo. Kufika adhuhuri hata wauza samaki wanajua. Yeye anasema ni hasadi, nimetupiwa kitu na mtu asiyependa nisome, mbuzi wauzwe na niende kwa mganga nikaaguliwe kwanza. Baba kanyamaza, na baba akinyamaza ujue keshaanza kukubali.

Jamani, mnyama wa kutisha akiingia kwenye ndoto ya furaha, ndiyo furaha yenyewe ina mkosi?

Kijana wa Micheweni

Dada, pole. Mie nasema msikilize shangazi yako. Mwaka 1995 nilikuwa sijazaliwa lakini mama yangu kanisimulia mara nyingi jinsi popobawa, yule jini anayesemwa huwavamia watu usingizini, alivyotutesa hapa Pemba, watu wazima wanalala nje kwenye mikeka wamekumbatiana, taa zinawaka usiku kucha. Jina lenyewe linatokana na bawa la popo. Mtu akikupandia kifuani usingizini mpaka unazinduka umejishika, hilo si la kulipuuza. Karamu inaweza kungoja, na mbuzi hawaozi.

Maalim wa Chuoni

Wa aleikum salaam, mwanangu. Kwanza hongera sana. Naona watu wameruka hongera wakaenda moja kwa moja kwa popo.

Mtume, rehema na amani zimshukie, alitufundisha kuwa ndoto ni za namna tatu: bishara kutoka kwa Mwenyezi Mungu, huzuni inayotoka kwa shetani, na yale ambayo mtu anazungumza na nafsi yake. Uotapo unachokichukia, jilinde kwa Mwenyezi Mungu, tema mate mepesi kushotoni mara tatu, geuka ubavu mwingine, na usimsimulie mtu. Ipo hadithi nyingine inayosema ndoto iko kwenye mguu wa ndege madhali haijafasiriwa, ikifasiriwa huanguka. Ndiyo maana wazee wetu walikuwa wakichagua wa kumwambia. Sikulaumu kwa shangazi, damu ni damu, lakini ndoto yako ilikuwa bado inaning'inia, na mtu wa mwanzo kuigusa aliigusa kwa hofu.

La pili, watu wanataka orodha: nyoka ni adui, paka ni mwizi, popo ni kadha. Vitabu vya orodha hizo vinauzwa kwa jina la Ibn Sirin, mwanazuoni wa kale aliyesifika kwa kufasiri ndoto, na wanazuoni wengi hawakubali kama aliviandika yeye. Kinachosimuliwa juu yake ni kinyume cha orodha. Walimwendea watu wawili, kila mmoja kaota anaadhini. Mmoja akamwambia utahiji, wa pili akamwambia utaiba. Alipoulizwa, akasema kwa yule wa kwanza aliona dalili za wema, akaikumbuka aya ya Ibrahim kuamrishwa awatangazie watu hija. Kwa wa pili hakupendezwa na hali yake, akakumbuka yule mnadi aliyewanadia nduguze Yusuf kuwa ni wezi. Ndoto ilikuwa moja, waotaji wakawa mbalimbali.

Kwa hiyo sikufasirii. Nakuuliza wewe: popo, kabla ya ndoto hii, alikuwa nani nyumbani kwenu?

Bi Mkubwa, Mkoani

Mwanangu, mimi sina elimu ya Maalim ila nina umri. Mwaka mmoja karafuu zilizaa sana kwetu, matawi yanavunjika. Usiku tunalala uwanjani kuzilinda. Nikaota tumemaliza kuchuma, ngoma inapigwa, watu wanakula, mara anatokea ng'ombe kakonda, mbavu unazihesabu, anakula karafuu zetu kwenye jamvi. Anakula na wala hashibi. Niliamka ninalia.

Marehemu mume wangu hakunipeleka kwa mtu. Alifungua Msahafu akanisomea Surat Yusuf, mfalme alivyoota ng'ombe saba wanono wanaliwa na saba waliokonda. Akanionyesha kitu nilichokuwa nimekisikia tangu utotoni nisikizingatie: Yusuf hakusema msilime wala msivune. Alisema mlime miaka saba, mnachovuna mkiache kwenye masuke yake, isipokuwa kidogo mtakachokula. Ng'ombe wa kutisha alikuja na kazi ya kufanya.

Basi mwaka ule hatukununua redio. Tulitengeneza paa na pesa nyingine tukaziweka. Nyinyi wa Pemba mnajua mkarafuu hauzai sawasawa kila mwaka. Msimu uliofuata mikarafuu ilitutazama tu na sisi tukaitazama. Tulikula akiba.

Na karamu tulifanya, usidhani. Ndogo, lakini tulifanya.

Mtembeza Wageni, Kidike

Naomba nimtetee popo kidogo, maana nashinda nao. Kijana wa Micheweni, sikubishii yaliyowapata wazee 1995, lakini usimchanganye huyu na yule. Popo huyu mkubwa hapatikani penginepo duniani ila Pemba. Miaka ya themanini alikaribia kumalizika kwa kuwindwa na kukatiwa miti, wakapona kwa sababu wanavijiji wenyewe waliamua kuwalinda. Leo ukija Kidike wakati wa magharibi unawaona wanavyoondoka mtini mmoja mmoja, halafu kumi, halafu mbingu nzima. Chakula chao ni matunda, maembe na mashelisheli, na mbegu wanazoziangusha huota. Ndiyo harufu uliyoisikia, dada, umeieleza sawasawa kabisa kama mtu aliyesimama chini ya mti wao.

Na jambo jingine. Jike akishazaa, mtoto anamshikilia mama kifuani hata akiruka. Hushika hivyo hivyo ulivyosema, kwa kucha. Sijui kama linakusaidia.

Binti Mtambwe

Nimechelewa kujibu, nilikuwa nalia. Ahsanteni.

Maalim, umeniuliza popo alikuwa nani nyumbani. Nyuma ya jiko letu kuna mshelisheli. Wakati wa msimu popo wanakuja kila usiku, unasikia mabawa kama mtu anakung'uta kanga mbichi. Kaka zangu walikuwa wakitaka kuwapiga mawe na mama akiwazuia. Alikuwa akisema waacheni, na wao wana watoto. Shelisheli za matawi ya juu hakuwahi kuruhusu ziangushwe.

Mama alifariki nikiwa mwaka wa pili chuoni.

Na hili la cheti kurowa sikulielewa mpaka usiku wa jana. Barua ya kukubaliwa chuo ilipofika, mama alikuwa jikoni anamenya shelisheli. Hakungoja kunawa. Aliipokea kwa mikono ile ile yenye utomvu na maji, na barua ikaingia doa ambalo lipo mpaka leo, nimeitoa kwenye bahasha nimeliona. Mama hakujua kusoma hati zile, alikuwa ameishika tu anaigeuza.

Sisemi yule popo ni mama. Maalim, nimekuelewa, sitaifasiri ndoto kwa kuipenda kama shangazi alivyoifasiri kwa kuiogopa. Lakini Bi Mkubwa kasema mnyama huja na kazi ya kufanya, na mimi kazi nimeiona: katika mipango yote ya Ijumaa, mbuzi, mpishi, viti vya kukodi, hakuna aliyetaja hitma ya mama. Hata mimi. Nimefunga mizigo Unguja, nimepanda boti, nimekaa wiki nzima nyumbani, na kaburini kwake nilikuwa sijafika.

Nimekwenda leo asubuhi. Nimeng'oa magugu, nimemsomea Yasin.

Nimezungumza na baba baada ya magharibi. Alinyamaza muda mrefu, halafu akasema mbuzi mmoja achinjwe Alhamisi kwa hitma, wa pili Ijumaa kwa maulidi. Kianzio cha mpishi hakirudishwi. Kwa mganga siendi.

Shangazi bado kanuna na hanisemeshi. Ila jioni hii nimepita uani, nimemkuta kakaa na ungo, anapepeta mchele wa Alhamisi.