Kaniita "froward" kwenye grupu la harusi, nikamshukuru, halafu nikamsahihisha spelingi

Wakuu, saa nane kasoro usiku hii na sijalala. Mke wangu kanigeuzia ukuta, mabega yanatikisika, anadhani sijui kuwa anacheka.

Mnamjua. Simtaji. Yule wa suti ya vipande vitatu kwenye joto la Dar mwezi wa pili. Alikaa Uingereza miezi tisa, akarudi anauliza "kile kitu cha kukorogea chai mnakiitaje?" Kila kamati ya harusi mjini hapa ina mmoja wa namna hiyo, na kwetu ndiye katibu. Mimi ni mhazini. Kosa langu mimi ni moja tu: alitaka nitoe laki nne za drone, na mwenye drone ni rafiki yake, na risiti hakuna. Nikasema lete risiti. Akasema risiti itakuja. Nikasema basi na hela itakuja.

Saa tatu usiku kaandika kwenye grupu. Grupu lina watu 63, wamo mama mzazi wa bwana harusi, mchungaji, na mashangazi watatu wa Moshi ambao huwa hawalali mpaka wamejibu kila kitu. Kaandika: "Our treasurer has been very froward."

Sasa niambieni ukweli wa Mungu, wewe ungesoma nini? Ungesoma "forward". Mimi nikasoma forward. Mhazini wetu ni mtu wa kusonga mbele. Nikasema kumbe jamaa ana utu, yale ya drone yameisha. Nikajibu: "Asante sana kaka, ni kwa neema tu." Mikono miwili ya kushukuru. Shangazi mmoja akaweka "Amina". Mwingine akaweka kikombe cha dhahabu. Mke wangu akapiga skrinshoti akaweka status, kaandika "Mume wangu jamani" na mioyo kama arobaini.

Ningeishia hapo ningekuwa nimelala saa hizi.

Lakini mimi na kiherehere changu nikaona bora nimsaidie, maana alikuwa kakosea herufi. Nikaandika, tena mbele ya watu wote 63: "Ila kaka ni FORWARD, o inatangulia r, vidole vimeteleza. Kiingereza kina wenyewe." Na vile viuso vitatu vinavyolia kwa kucheka.

Kule juu ikatokea "anaandika..." Ikapotea. Ikatokea tena. Ikapotea. Halafu likaja neno moja.

"Sijakosea."

Na nukta. Wakuu, kaweka NUKTA. Mtu anayeweka nukta kwenye WhatsApp huyo ameshakuchimbia kaburi, anasubiri vipimo vya urefu.

Grupu likanyamaza kama msiba umeingia. Dakika mbili. Halafu mdogo wake bibi harusi, kijana wa kidato cha sita ambaye hata mchango hajatoa, akatupia skrinshoti ya kamusi, na chini akawatafsiria mashangazi: mkaidi, mbishi, asiyeambilika, mtu wa kwenda kinyume makusudi. Nikaona kwa macho yangu ile Amina ya shangazi inageuka "Ujumbe huu umefutwa". Amina! Imefutwa! Kikombe nacho kikafuata.

Nikataka kujibu. Nikaandika kwa hasira kwamba mimi si mtu wa hivyo, nikatuma bila kuangalia. Simu ilishanisahihishia neno. Kwa hiyo jibu langu rasmi mbele ya mchungaji linasomeka: "Mimi SI FORWARD na sijawahi kuwa FORWARD."

Mchungaji kaweka dole gumba.

Nauliza hivi: neno hilo ni la karne gani? Kalitoa wapi? Binadamu ana "stubborn", ana "difficult", ana Kiswahili kizima cha kutukania watu, anaenda kufukua mfupa makaburini ili aje kunipiga nao? Na ile "Sijakosea." Kila nikifumba macho naiona. Nimjibu nini kesho kwenye kikao?

Kobe Mzee: Mkuu pole. Ila nimecheka mpaka mbwa wa jirani wamebweka.

Mtori Moto: Ngoja nielewe. Katukanwa. Kashukuru. Katoa ushuhuda wa neema. Halafu kamfundisha aliyemtukana jinsi ya kuandika tusi. Mleta mada wewe ni wa kuhifadhiwa makumbusho.

Nesi wa Zamu: Mwenye "Sijakosea." ameua. Naomba niitumie wodini.

Baba Mapacha: Kwani uongo? Mtu anadai risiti ya drone kwenye harusi ya familia. Mkaidi hafaidi ila siku ya Idi, na Idi bado.

Mleta mada: @Baba Mapacha laki NNE. Bila karatasi. Wewe ungetoa?

Baba Mapacha: Ona sasa. Froward.

Mwalimu Mstaafu: Vijana, neno hilo si la kufukuliwa, ni la Biblia ya Kiingereza ya mwaka 1611, ile ya Mfalme James. Limejaa mle, hasa kwenye Mithali. Mithali 4:24, ambapo sisi tunasoma "Kinywa cha ukaidi ukitenge nawe", wao wana "froward mouth". Kwa hiyo mchungaji alielewa tangu ujumbe wa kwanza. Lile dole gumba si la kukufariji.

Mleta mada: Mwalimu umeniua mara ya pili.

Mwalimu Mstaafu: Sijamaliza. Ni maneno mawili yaliyoungana. "Fro" ni "kutoka", ile iliyobaki kwenye "to and fro", na "ward" ni upande anaoelekea mtu. Kwa hiyo froward ni mtu aliyekupa kisogo: ukimwita huku, yeye kaelekea kule. Na lilikuwa na pacha wake, "toward". Leo toward tunaijua kama "kuelekea" tu, lakini zamani ilikuwa sifa ya mtoto msikivu. Shakespeare kayapanga yote mawili kwa vina mwishoni mwa The Taming of the Shrew: inapendeza kusikia watoto ni toward, inachukiza kusikia wanawake ni froward.

Dada wa Tegeta: Mnaona? Hata tusi la kale mwisho wake linaangukia kwa wanawake. Ukimkatalia mume unaitwa froward, yeye akikataa kutoa hela ya mboga anaitwa mwenye msimamo.

Fundi Saa: Ngoja Mwalimu. Sisi si tuna "mwelekevu"? Mtoto mwelekevu, anayeshika upesi anachoelekezwa. Imetoka kwenye "elekea". Hiyo si ndiyo toward yenyewe? Na "mpotovu" katoka kwenye "potoka", yaani kaacha njia. Wazungu na sisi tulikuwa tunatukanana kwa kuangalia mtu amegeukia wapi.

Mwalimu Mstaafu: Fundi Saa wewe ungenisomea darasani ningekupa vema mbili.

Nesi wa Zamu: Mimi nimeenda kuangalia ile ya watumwa kuwatii mabwana, 1 Petro 2:18. Kiingereza cha 1611 kinasema muwatii hata walio froward. Kiswahili chetu kimeweka "wakali". Kigiriki chake pale ni "skolios", kilichopinda. Ndiyo hiyo hiyo ya skoliosisi, ugonjwa wa uti wa mgongo kupinda. Mhazini, umepinda, njoo upigwe eksirei.

Kobe Mzee: Mhazini kapinda 😭😭

Mleta mada: Nilikuja hapa kutafuta ushauri.

Mtori Moto: Ushauri: badilisha neno kwenye wasifu wako. "Forward" iondoe kabisa, hata kwenye barua pepe, usimforwadie mtu kitu.

Jongoo la Gari: Wewe una bahati umetukanwa kwa neno lililokufa, mimi nilitukanwa kwa lililo hai. Bosi wangu aliandika kwenye tathmini ya mwaka kwamba kosa langu lilikuwa "egregious". Mimi nikakumbuka kusoma mahali kuwa neno hilo asili yake Kilatini, "aliyejitokeza nje ya kundi", na zamani lilikuwa sifa ya mtu bora. Nikampigia mama simu. Mama kachinja kuku. Barua ya onyo ikaja Jumatatu.

Kobe Mzee: KUKU ALISHALIWA?

Jongoo la Gari: Mpaka mifupa.

Dada wa Tegeta: Na "nice" je? Ilitoka kwenye neno la Kilatini la mtu asiyejua kitu, ilikuwa maana yake mjinga. "Silly" nayo ilianza kwa kuwa mtu mwenye heri. Wazungu maneno yao yanahama nyumba usiku bila kulipa kodi.

Kipepeo77: Usiseme kuhama bila kulipa kodi. Mpangaji wangu kaondoka juzi na koki ya bafuni. KOKI. Kaacha maji yanaruka.

Fundi Saa: Koki ya chuma au ya plastiki?

Kipepeo77: Ya chuma ile nzito, elfu kumi na nane.

Fundi Saa: Dah. Hiyo hata mimi ningeiba.

Mleta mada: Wakuu turudi kwenye mada. Kikao ni saa kumi jioni. Nimjibu nini? Nimefikiria nimwambie "na wewe ni froward" lakini simu inakataa kuandika.

Baba Mapacha: Mwambie kwa mdomo. Ila ukikosea matamshi ukasema forward utakuwa umemsifia mara ya pili.

Mtori Moto: Mimi swali langu ni moja tu. Harusi yenyewe mchango kiasi gani? Maana nimeletewa kadi nne mwezi huu, moja ya mtu niliyewahi kukaa naye kiti kimoja cha daladala.

Dada wa Tegeta: Usiniambie. Mimi nimeletewa kadi ya dabo, laki na nusu, wakati wanajua nimeachika. Dabo na nani?

Kobe Mzee: Nenda na koki ya Kipepeo.

Jongoo la Gari: Tatizo siyo michango, tatizo ni kamati. Vikao kumi na viwili, kila kikao supu na soda. Harusi ikifika wageni wanapewa wali na kipande cha kuku kama kidonge. Hela ililiwa kwenye vikao.

Nesi wa Zamu: Kweli kabisa. Kamati ya kaka yangu walikula supu mpaka mpishi akawa anawajua kwa majina.

Baba Mapacha: Kamati bila supu haikai. Mtu katoka Mbagala na foleni, umpe maji ya Kilimanjaro aanze kuhesabu ahadi?

Kipepeo77: Mbona siku hizi hata supu wanachakachua. Kongoro lina maji mpaka unauona uso wako.

Mwalimu Mstaafu: Kongoro linataka moto wa kuni, usiku kucha. Gesi haiwezi.

Fundi Saa: Mwalimu leo umeongea point mbili nzito.

Mtori Moto: Mleta mada yuko wapi? Kwenye kikao chenu mnakula supu gani?

Mleta mada: Kongoro. Tena kikao kilichopita lilikuwa la elfu themanini na tano, katibu ndiye aliagiza, nikamlipa kutoka mfukoni mwangu kwa sababu boksi la hela lilikuwa nyumbani. Risiti hajanipa mpaka leo. Naenda kumdai saa kumi.