Mita 300 kati ya madrasa na baa ya hoteli: hapa Amu (Lamu, Kenya) zinapimwaje?

Mkaazi wa Langoni
Asalaam aleikum. Hoteli moja mtaani imeomba leseni mpya ya kuuza vileo darini, na nyuma yake pana madrasa ya watoto. Wenye hoteli wasema ukifuata vichochoro ni mita 400, kwa hiyo sharti la baa kuwa angalau mita 300 kutoka shule haliwahusu. Tena wasema madrasa si shule. Kikao cha kamati ya leseni kimeshatangazwa, zimesalia siku 16. Wajuzi tusaidieni: mita zinapimwaje, na pingamizi liandikwe vipi lisije likatupwa?

Wakili wa Pwani
Wa aleikum salaam. Tuanze na siku, kwani ndizo zinazowaangusha wengi. Kwa Sheria ya Kudhibiti Vileo ya 2010, pingamizi ni la maandishi, linapelekwa kwa katibu wa kamati, na mwombaji wa leseni naye akabidhiwe sababu zenu angalau siku 7 kabla ya kusikizwa. Kuthibitisha kwamba alikabidhiwa ni juu yenu. Kwa hesabu hiyo mna siku 9 tu, nanyi msingoje ya tisa. Watu hukusanya saini 200, wakampa katibu, hoteli wakaisahau. Siku ya kikao wakili wa hoteli husimama na hoja hiyo moja na saini zote zikawa kazi bure. Pelekeni nakala mbili mapokezi ya hoteli, moja igongwe muhuri na kutiwa tarehe. Wakikataa kupokea, iacheni hapo mbele ya shahidi, kisha aliyeipeleka aape hati ya kiapo.

Kuhusu madrasa: kifungu cha 12 cha sheria hiyo ya 2010, chenye sharti la mita 300, hakikuishia kwenye shule za chekechea, msingi na sekondari. Kinataja pia taasisi nyingine za mafunzo kwa walio chini ya miaka 18. Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013 nayo inazitaja duksi (vyuo vya Kurani vya watoto) na madrasa kwa majina. Kinachotakiwa ni ushahidi wa umri: daftari la wanafunzi, ratiba ya masomo, barua ya kamati ya madrasa, na cheti cha usajili kama kipo. Hoja hii isingesimama kwa chuo cha watu wazima.

Mpima Ardhi Malindi
Hoja ya vichochoro ni dhaifu sana. Sheria ya Tafsiri na Masharti ya Jumla, Sura ya 2, inasema umbali wowote katika sheria iliyoandikwa hupimwa kwa mstari ulionyooka juu ya usawa bapa, isipokuwa sheria husika ionyeshe nia nyingine. Chukueni mfano: madrasa iko mita 210 mashariki ya hoteli na mita 190 kaskazini. Kwa miguu, kwa njia za pembe za Amu, ni 400 kweli. Kwa mstari ni mita 283, yaani ndani ya 300.

Msiende na picha ya ramani ya simu. Katikati ya kuta ndefu za mawe simu hupotea mita 10 na zaidi, na kesi yenu huenda ikaamuliwa kwa mita 15. Mwajirini mpima mwenye leseni ya upimaji, atoe ripoti yenye saini, majira (namba za mahali) ya kila nukta na mchoro. Mwambieni apime mara mbili: ukuta hadi ukuta pale majengo yanapokaribiana zaidi, kisha mlango hadi mlango. Mabishano ya wapi pa kuanzia hayakosekani, na ripoti yenye kipimo kimoja huwapa wapinzani mwanya.

Bi Mkunga wa Faili
Ndugu zangu, sheria ya 2010 msiisome peke yake. Leseni za vileo ni kazi ya kaunti kwa Jedwali la Nne la Katiba, kwa hiyo someni kwanza sheria ya kaunti yenyewe: umbali, fomu na siku za rufaa. Penye tofauti, taja vifungu vya zote mbili kwenye pingamizi. Ombeni pia ripoti ya afisa wa afya ya umma kuhusu jengo hilo, kwa maandishi.

Mkaazi wa Langoni
Ahsanteni sana. Na kamati ikiwapa leseni hata hivyo?

Wakili wa Pwani
Siku hiyo hiyo ombeni sababu kwa maandishi. Kisha pitieni rufaa iliyowekwa na sheria ya kaunti kabla ya Mahakama Kuu. Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015 inamrudisha aliyeruka ngazi, na ombi zuri hufia hapo. Kuomba amri ya kubatilisha uamuzi kuna kikomo cha miezi 6, lakini msikae hata wiki 6. Leseni ni ya mwaka mmoja. Bila ombi la kuisimamisha tangu mwanzo, kesi itafika mwisho leseni nayo imekwisha. Hapo hoteli itaomba kuihuisha, na itadai kwamba kifungu cha 12 kinazungumzia leseni mpya tu. Kwa hiyo wekeni pingamizi hata kwenye ombi la kuhuisha, mkiambatisha ripoti ile ile ya mpima.