Kanda za zamani za wanyamapori: tuzikate au tuziache zilivyo?

Mleta mada:
Juzi hapa Nairobi nilitazama filamu fupi ya majaribio iliyoungwa kwa vipande vya kanda za wanyamapori za enzi ya ukoloni. Sauti ya msimulizi imeondolewa. Mpagazi mmoja anapita ukingoni mwa picha na stendi ya kamera begani, anageuka, anatutazama, kisha pundamilia wanaingia. Kipande hicho kinarudiwa tena na tena, kila mara polepole zaidi, mpaka unagundua hana viatu. Wazee wawili walitoka wakisema huko ni kuharibu kumbukumbu.

Mimi nakataa. Kanda hizo hazikuwahi kuwa ukweli mtupu. Martin na Osa Johnson, mume na mke Wamarekani waliotengeneza filamu za wanyama, walipiga kambi Marsabit, kaskazini mwa Kenya, kuanzia 1924 hadi 1927. Filamu yao *Simba* ilitoka 1928, na huko Marekani imekuwa mali ya umma tangu Januari 2024. Hata leo mnyama hupigwa picha kwa mbali, na mlio wa nyayo zake mara nyingi hutengenezwa studio. Wao walikata wakaunga, sisi tukikata tunaitwa waharibifu? Na ardhi iliyopigwa picha ni yetu. Mnasemaje?

Mchangiaji:
Ndugu yangu, kwa mpagazi tuko pamoja. Kinachoniuma ni ile sehemu ya pili, pale mtengenezaji wa filamu hiyo alipoichubua kanda na kuipaka nyekundu. Nimeshika kanda za milimita 16: ukifungua kopo ukasikia harufu ya siki, asetati, yaani plastiki ya kanda yenyewe, imeanza kuoza, na pengine nakala nyingine hakuna. Halafu kuna ushahidi. Hifadhi ya Nairobi ilianzishwa 1946. Kanda ya uwanda wa Athi ya kabla ya hapo inaweza kuonyesha nyumbu walikopita, kule Kitengela ambako sasa ni ploti na nyaya. Ukichanganya Athi na Marsabit bila kusema, unampa mtoto wa shule uongo mpya juu ya ule wa zamani.

Mleta mada:
Alichubua nakala, alitueleza mwenyewe. Kugusa kanda asilia hata mimi sikubali. Ila ukiandika mahali na mwaka juu ya kila kipande, macho yatakimbilia herufi na yule mpagazi atapotea mara ya pili. Yaandikwe mwishoni.

Mchangiaji:
Mwishoni watu huwa wameshainuka. Yaandikwe mwanzo, kabla ya picha ya kwanza, nami nitakaa nitazame yote.