"Run" ni kukimbia tu, au nilidanganywa shuleni?

Bint_Pangani
Wakuu habari zenu, na wakubwa shikamooni. Niko Uingereza mwaka wa pili sasa, nafanya kazi kwenye nyumba ya kutunzia wazee. Kiingereza nimekisoma hadi kidato cha sita na nilifaulu vizuri tu, kwa hiyo sikuja na hofu ya lugha. Hofu niliikuta hapa hapa.

Wiki ya kwanza, zamu ya asubuhi, mwenzangu anapita koridoni na furushi la mashuka, ananiambia, "Number four's got the runs." Chumba namba nne ana bibi wa miaka tisini na kitu, anatembea kwa kushikilia kigari. Mimi nilichosikia ni "run" tu. Bibi katoroka! Kuchungulia chumbani, kitanda kitupu. Nikatoka mkuku, nikausukuma mlango wa dharura, kengele ikalia jengo zima, na mimi niko nje kwenye maegesho na kandambili, mwezi wa Januari, nainama kutazama nyuma ya magari. Bibi wa watu alikuwa chooni. Anaharisha, basi.

Tangu siku hiyo nina kidaftari. Babu akisema "run me a bath", anataka nimfungulie maji bafuni. Mtu akiwa "running a temperature", ana homa. Maziwa yakiwa "have run out", yamekwisha. Msimamizi naye "runs" nyumba nzima, na simwoni hata akitembea haraka. Nimefika 31. Ziko ngapi jamani? Na kuna kamba inayozifunga pamoja, au nikariri tu?

Mzee_wa_Kamusi
Marahaba binti. Keti kwanza, maana kidaftari chako bado kichanga.

Kwenye ile kamusi kubwa ya Oxford, zamani bingwa alikuwa "set". Toleo la pili, la mwaka 1989, liliipa maana kama 430. Baadaye wahariri walipoyapitia maneno upya, "run" ikampiku: maana 645, na hizo ni za kitenzi peke yake. Mhariri aliyeishughulikia, Peter Gilliver, alikaa nayo miezi kama tisa. Mimba kamili!

Ushauri wangu: ondoa miguu kichwani, weka maji. Zako nyingi zitakaa sawa. Maji ya bafuni, mto, kamasi, rangi ya khanga inayochuja ukiifua, vyote "run". Mashine ikishawashwa nayo ni hivyo hivyo, inakwenda bila kusimama. Hata pesa: mwaka 2007 huko huko uliko, watu walipanga foleni nje ya matawi ya Northern Rock kutoa akiba zao. Hiyo ni "run" ya benki. Na tumbo la bibi yako, mambo ni yale yale.

Mtu_wa_Ohio
Mzee, maji hayafiki kila mahali. Huku Marekani mtu akitaka urais "anakimbia". Kwa hao Waingereza, anayetaka ubunge "anasimama". Kazi ni ile ile ya kuomba kura! Soksi ndefu za kina mama zikifumuka uzi, huku wanasema zina "run", huko kwenu dada wataita "ladder", yaani ngazi. Na vijana ninaofanya nao kazi ghalani wana zao: "run me my money" ni nipe changu, "run it back" ni turudie. Mara ya kwanza kuambiwa "run me my money" nilimtazama yule kijana nikijiuliza anataka nikimbie niende wapi na hela zake.

Mswahili_wa_Kisauni
Mwawacheka Waingereza bure. Gari twaendesha. Duka twaendesha. Kesi yaendeshwa mahakamani, na mkutano una mwendeshaji wake. Na mtoto akishajilia maembe mabichi mpaka akinai, mama yake hukwambiaje? "Aendesha tangu jana." Sasa hapo utamtafutia leseni ama dawa?

Bint_Pangani
Kisauni umeniua. Hata kwetu Pangani tunasema hivyo hivyo, mtoto anaendesha, na sijawahi kustuka hata siku moja! Nimecheka kwenye chumba cha mapumziko hadi mwenzangu yule wa mashuka akaja kuuliza kulikoni. Nikamweleza kwamba kwetu mtu mwenye tumbo bovu na dereva wa basi wana kitenzi kimoja. Akanitazama, akasema hiyo lugha yenu inachanganya sana. Yeye!

Mzee, ya maji nimeishika, ahsante. Ohio, kukimbia kura na soksi naziandika, 32 na 33.

Bibi wa namba nne hajambo. Habari ya mimi kumsaka maegeshoni ilimfikia siku ile ile, na mpaka leo nikimpelekea chai ananionyesha mlango wa dharura kwa kidole na kuniuliza kama leo "we're going for a run".